Siku moja Kigoma: jitengenezee pasi yako mwenyewe

Juzi mdogo wangu wa Dar kanitumia picha ya kadi moja ya kitalii ya huko Ulaya, unalipa mara moja asubuhi alafu siku nzima unaingia makumbusho, unapanda boti, unapanda mnara, kila geti unaonyesha kadi inasomwa unapita. Akaniuliza, kaka, na Kigoma ipo hii? Maana anafika Ijumaa usiku na Jumapili alfajiri anageuza, ana Jumamosi moja tu na anataka aone kila kitu, mpaka sokwe. Nikacheka kwanza.

Hamna. Kigoma hatuna kadi ya hivyo, kila sehemu unalipa mwenyewe kwa mkono wako. Ila hesabu wanayopiga wajanja wanaotumia hizo kadi ni nzuri sana, na unaweza ukaipiga hata huku mwisho wa reli, siku yako moja ikatosha na hela ikabaki. Nilimwandikia yeye kwa voisi ndefu akalalamika ni ndefu, sasa naandika na wengine msome.

Tuanze na hizo pasi zenyewe maana kuna siku nawe utasafiri. Pasi ya siku moja sio lazima iwe masaa 24. The London Pass kwa mfano inahesabu tarehe, yaani ukiskani geti la kwanza saa 9 alasiri basi siku yako ndo imeanza hapo na usiku huohuo imekufa, umelipia siku nzima umetumia masaa mawili matatu. Paris Museum Pass yenyewe inahesabu masaa, kuanzia 48, ukianza Jumamosi saa 5 asubuhi inaisha Jumatatu saa 5. Kwahiyo kabla hujatoa hela uliza, wanahesabu tarehe au masaa? Alafu uliza siku unayokwenda wamefungua? Makumbusho ya Louvre pale Paris Jumanne wanafunga, ya Orsay wanafunga Jumatatu, na pasi haifungui kofuli. Na jingine ambalo wengi hawalijui, pasi ni kiingilio tu sio nafasi, Louvre hata uwe na pasi wanataka uwe umebuki muda wako kabla. Usisahau pia kwamba makumbusho mengi yanaacha kuingiza watu mapema, nusu saa hata lisaa kabla hawajafunga kabisa, kwahiyo ile "wanafunga saa 11" usiisome kama ni saa 11 kweli.

Sasa hesabu. Muuzaji wa pasi atakuorodheshea sehemu themanini. We ni mtu mwenye miguu miwili na tumbo linalotaka chakula cha mchana, kwa siku moja utafanya sehemu tatu, nne ukijitahidi sana. Chukua karatasi andika zile tu ambazo ungeenda hata kama pasi isingekuwepo, jumlisha viingilio vyake, ikizidi bei ya pasi nunua, isipozidi achana nayo. Kosa la watu ni kununua kwanza alafu ndo wanaanza kukimbia kimbia ili "irudishe hela", mtu anaingia makumbusho ya bia na hanywi bia.

Haya, turudi nyumbani. Kigoma pasi yako ni bahasha. Siongei kwa mafumbo, namaanisha bahasha kabisa ya kaki, Ijumaa usiku unaweka humo hela ya siku nzima ikiwa imeshavunjwa: buku buku na mia tano tano za daladala na bodaboda, elfu mbili mbili na elfu tano za viingilio na chakula, na noti moja ya elfu kumi imekunjwa pembeni ya dharura, hiyo usiiguse. Kwanini imevunjwa? Kwasababu saa 1 asubuhi bodaboda hana chenji, konda hana chenji, mama wa chapati hana chenji, na we na elfu kumi yako mpya utazunguka dakika ishirini kutafuta wa kuivunja, dakika ishirini za siku moja ni nyingi. Kwenye simu nako weka salio la kutosha maana sehemu za serikali nyingi siku hizi wanakupa kontrol namba unalipia kwa simu, cash hawagusi. Na kitambulisho chako cha NIDA tembea nacho, Mtanzania analipa kidogo kuliko mgeni wa nje lakini uthibitishe kwamba we ni Mtanzania, lafudhi peke yake haitoshi.

Bahasha ikishajaa, fanya uamuzi mmoja mgumu kabla hujalala: Gombe, ile hifadhi ya sokwe, au mji. Sio vyote. Najua umekuja kwa ajili ya sokwe, kila mtu anakuja kwa ajili ya sokwe, Jane Goodall, yule mtafiti wa sokwe, alifika pale Julai 1960 akiwa binti wa miaka 26 na mpaka alipofariki Oktoba 2025 dunia nzima ilikuwa inaijua Gombe kupitia yeye. Lakini Gombe haina barabara, unafika kwa boti tu, iko kama kilomita 16 kaskazini ya mji. Boti za abiria zinazotoka Kibirizi, mwalo wa hapa mjini, zinaondoka mchana na zinakwenda mdogo mdogo zinashusha watu vijiji vyote vya pwani, masaa matatu manne, ukishuka jioni imeingia na kurudi ni kesho, kwahiyo kwa boti ya abiria siku moja imeshashindikana. Ukitaka kwenda na kurudi siku hiyohiyo ukodi boti ya injini kubwa, hapo ni chini ya lisaa kwenda, ila gharama ni ya watu sita wagawane sio ya mtu mmoja na bahasha yake. Na hata hapo siku imeisha, maana sokwe hawakusubiri getini, mnapanda vilima kuwafuata na siku nyingine wako mbali. Ukiwa na mafua ndo usiende kabisa, magonjwa yetu yanawaua. Mi ushauri wangu kwa mtu wa siku moja: fanya mji, Gombe uirudie na siku tatu zako.

Kuna jambo la saa ambalo wageni wa Dar linawachanganya. Saa yetu ni moja nchi nzima ila jua sio moja. Huku tuko magharibi kabisa, jua linachomoza na kuzama kama dakika 40 nyuma ya Dar. Saa 12 asubuhi Kigoma bado giza, kunapambazuka vizuri karibu na saa 1, alafu jioni saa 12 na nusu wakati Dar washawasha taa wewe huku bado una jua la kutosha kabisa. Kwahiyo usijitese na alamu ya saa 11 alfajiri. Siku yako ya Kigoma inaanza saa 1 na inaisha saa 1, na jioni ndo yenye faida, ipangie kitu kizuri.

Saa 1 uwe Kibirizi. Panda boda mwambie mwaloni, bei mkubaliane kabla hujakaa. Ukikutana na wazee wa Kiha wasalimie "mwakeye", hata ukiishia hapo hapo hujui neno la pili watakufurahia. Mwaloni ndo utaona Kigoma inavyokula na inavyolipa ada za watoto: mitumbwi inarudi kutoka ziwani na dagaa wa usiku, wanawake wanapokea kwa ndoo, wanamwaga kwenye chanja kuanika, makelele ya bei, maboti ya kwenda vijiji vya kaskazini yanapakia magodoro, kreti za soda na kuku. Hii hailipiwi kiingilio, ila usipige watu picha kabla hujaomba, kule watu wako kazini.

Lakini angalia mwezi kabla. Dagaa wanavuliwa usiku kwa taa, taa ndo inawavuta juu, na kukiwa na mbalamwezi kubwa taa haifui dafu kwahiyo wavuvi wanapumzika zile siku za mwezi mpevu na mwaloni unakuta pamepoa, chanja tupu, vijana wanashona nyavu. Sio mbaya, ila sio ile uliyoionaga kwenye video. Pia mwaka 2024 serikali ilisimamisha uvuvi ziwani kuanzia 15 Mei mpaka 15 Agosti ili samaki wazaliane, kwahiyo ukipanga kuja kati ya miezi hiyo muulize mwenyeji kwanza. Miaka ya karibuni maji ya ziwa nayo yalipanda yakala sehemu za pwani, usishangae ukikuta nyumba imesimama ndani ya maji.

Chai na chapati hapohapo au mjini, alafu saa 3 uwe stesheni. Stesheni haihitaji muda mrefu, dakika ishirini zinatosha, jengo la Mjerumani limesimama chini kabisa ya barabara ya Lumumba. Reli ilianza Dar 1905 ikafika hapa Februari 1914, zaidi ya kilomita 1,200, na miezi sita mbele vita kuu ikaanza. Ndo maana tunaitwa mwisho wa reli, ukitaka kuendelea mbele ya hapo unaingia majini. Na hawakuishia kwenye reli, meli nzima ilitengenezwa Papenburg Ujerumani mwaka 1913, ikafunguliwa vipande vipande, ikapakiwa kwenye makreti, ikaletwa Dar kwa meli na huku kwa treni, ikaunganishwa upya hapa Kigoma na kushushwa majini 1915 kwa jina la Graf von Goetzen. Mwaka 1916 Wajerumani wenyewe wakaizamisha isichukuliwe na adui, ila kabla ya kuizamisha mafundi wakapaka mashine grisi nzito, maana walikuwa wanawaza siku moja wairudie. Wakaja kuinyanyua Waingereza 1924, na 1927 ikarudi kazini na jina jipya: Liemba. Ndo hiyo hiyo MV Liemba ya bibi zetu. Mi kila nikisikia hiyo habari ya grisi nawaheshimu wale mafundi, ila bandari ni eneo la ulinzi, usiende kutoa simu pale ukaanza kupiga picha kisa umesoma hii, omba ruhusa kwanza ukikataliwa rudi zako.

Kutoka hapo daladala za Ujiji ni nyingi sana, zinapanda Lumumba, zinapita Mwanga, zinaenda. Kama kilomita 8 hivi. Mwambie konda akushushe kwa Livingstone, pale kwenye makumbusho yake, watu wote wanapajua. Nenda asubuhi hiyohiyo, usiseme mchana, na sababu ntakuambia.

Shemeji yangu alikuja mwaka juzi na siku yake moja. Alitaka aanze na kuogelea. Tukaogelea, tukala, akataka alale kidogo, akaamka akataka vocha, tukapanda daladala saa 10, ikajaza abiria nusu saa pale, tunafika sehemu tuliyokuwa tunaitaka geti limefungwa, mlinzi anakula zake muhogo anatuangalia kwa huruma. Shemeji akapiga selfi na geti. Mpaka leo hiyo ndo picha yake ya Kigoma, geti. Toka siku hiyo mi sheria yangu ni moja: vyenye geti asubuhi, visivyo na geti jioni. Ziwa halifungwi.

Pale Ujiji ndo utumie muda, usikimbie. Unalipa kiingilio unapata mtu wa kukutembeza, msikilize vizuri na muulize maswali maana bila maelezo utaona mnara, miembe na masanamu mawili ya wazungu wamevua kofia wanasalimiana, utasema hii tu? Hadithi inayojulikana duniani ni kwamba Stanley, mwandishi wa gazeti, alimkuta Livingstone, yule mmisionari Mskoti, hapa Novemba 1871 chini ya mwembe akamwambia "Dk. Livingstone, bila shaka?" Tarehe inayosomwa sana ni 10 Novemba. Cha kuchekesha ni kwamba karatasi za shajara ya Stanley za siku hiyo zilichanwa, kwahiyo kama kweli alitamka vile au aliitunga baadae imebaki midomoni mwake. Mwembe wenyewe ulishakufa zamani, iliyopo leo ni watoto wake.

Ila mi ukinipa nafasi ya kuwa mtu wa kukutembeza, ntakusimulia kuhusu Mubarak Bombay. Mtu wa Kiyao, alitekwa mtoto akauzwa utumwani mpaka India, akarudi huru, na yeye ndo aliyekuwa na wapelelezi wa Kiingereza Burton na Speke walipofika Ujiji Februari 1858, na ni yeye huyohuyo tena aliyekuwa na Stanley 1871. Wazungu tofauti, miaka tofauti, mtu anayewavusha ni yuleyule. Na Chuma na Susi, watumishi wa Livingstone, ambao yeye alipofariki 1873 kule ambako leo ni Zambia waliukausha mwili wake na kuubeba wao na wenzao kwa miguu mpaka Bagamoyo, miezi kibao. Ukisimama pale chini ya miembe waulizie hao, utaona jinsi mwenye kukutembeza anavyochangamka. Na uliza habari ya njia ya misafara pia, maana Ujiji ilikuwa kituo kikubwa cha pembe na watumwa, watu waliletwa kutoka ng'ambo ya ziwa, Congo, wakasukumwa kwa miguu kupitia Tabora mpaka pwani. Hapo unyamaze kidogo.

Ukitoka teremka kwa miguu mpaka ziwani. Mafundi wa Ujiji wanatengeneza maboti ya mbao pale ufukweni, misumari na pamba ya kuzibia nyufa, bila ramani ya karatasi, wanapima kwa macho. Salimia, kaa kwenye gogo, angalia. Hakuna kiingilio na kwa maoni yangu ni bora kuliko vingi vyenye kiingilio. Mji wa Ujiji wenyewe ni wa Kiswahili haswa, misikiti, baraza, wazee wa Kimanyema, kahawa, ukienda umevaa kaptula fupi sana utajiona mwenyewe kwamba umekosea.

Mchana kula mgebuka, samaki wa ziwa hili. Usiniambie umefika Kigoma ukaagiza chipsi kuku. Mgebuka wa kuchoma au wa mchuzi wa mawese, na ugali wa muhogo, au dagaa wa kukaanga kama mwezi ulikuwa mzuri kwako. Mama ntilie yoyote mwenye foleni ya madereva mbele yake ndo huyohuyo, usitafute hoteli. Ugali wa muhogo ni mzito, unavutika, mtu wa sembe usijaze sahani mara ya kwanza.

Saa 9 rudi mjini, unganisha gari ya Katonga au chukua bajaji, nenda ufukwe wa Jakobsen. Hapa unalipa kiingilio getini, ndo mwisho wa viingilio vya siku. Maji masafi mpaka unaona miguu yako, na ziwa lenyewe ni la pili kwa kina duniani, karibu mita 1,470 pale kwenye kina kirefu, ila hiyo ni katikati huko, we kaa pembeni. Usiogelee kwenye matete wala maji yaliyotuama karibu na vijiji, kichocho kipo, na kwingine kokote waulize wenyeji kuhusu mamba kabla hujavua shati. Beba maji ya kunywa na kitu cha kutafuna. Kaa mpaka saa 1, jua linazama upande wa Congo na kama hewa haina vumbi utaiona milima ya ng'ambo imejipanga, watu wengi wanaondoka saa 12 wakidhani jua limeisha wanakosa ile yenyewe. Ila bodaboda au bajaji ya kukurudisha iagize mapema, chukua namba ya yule aliyekuleta, giza likiingia kule usafiri ni wa kubahatisha na bei anaipanga yeye.

Usiku ukirudi fungua bahasha hesabu kilichobaki, hicho ndo cha zawadi, usinunue zawadi asubuhi ukatembea na furushi la dagaa siku nzima kwenye daladala watu wanakuangalia. Nunua dagaa wakavu kweli, wabonyeze, wakikatika kwa mlio wamekauka, wakijikunja bado wana maji wataoza kabla hujafika Dodoma. Mawese chukua dumu jipya lenye kizibo cha ndani na cha nje, ziba na nailoni kabla hujafunga kizibo, zungushia gundi ya karatasi, alafu weka dumu ndani ya mfuko, mfuko ndani ya ndoo. Usiliweke kabisa kwenye begi la nguo. Mdogo wangu hili la mwisho nakuandikia wewe, lile shati lako jeupe la mwaka jana bado lina rangi ya machungwa na mama bado ananiuliza mimi.